Jicho Huleta, Moyo Huhukumu

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, Muumba wa jicho na Muumba wa kinachoonekana. Rehema na amani zimshukie Bwana wetu Muhammad (s.a.w.), na jamaa zake na masahaba zake wote. Ama baada ya hayo:

Enyi ndugu zetu Waislamu. Katika lugha yetu hii kuna neno tunalolitumia kila siku pasi na kulizingatia. Twasema kuwa mwanadamu ana milango mitano ya fahamu, nayo ni kuona, kusikia, kunusa, kuonja na kugusa. Angalieni hekima ya wazee waliotuachia neno hili. Hawakusema kuwa jicho ndilo fahamu, wala sikio ndilo fahamu; walisema kuwa ni milango yake. Na kila mmoja wetu ajua kazi ya mlango. Mlango hupitisha; haumchagui apitaye. Wa kuchagua ni mwenye nyumba, naye yuko ndani. Mgeni apigapo hodi, ni yeye wa kuuliza: Nani wewe? Watoka wapi? Wataka nini? Mwenye nyumba akilala na mlango u wazi, mgeni na mwizi wataingia sawasawa, na kutakapokucha atamlaumu nani?

Katika makala haya twakusudia kusema juu ya huyo mwenye nyumba, na jinsi maulama wetu walivyoifunga pamoja kazi ya milango na kazi ya moyo. Wala tusidhaniwe kuwa twaleta maneno ya falsafa kwa kujipamba. Jambo hili lina damu ndani yake. Hapa hapa pwani yetu, katika kaunti ya Kilifi, wazee wenye mvi wameuawa kwa kutuhumiwa uchawi, na wengine wamezikimbia nyumba zao na mashamba yao. Waliowaua hawakuwa vipofu wala viziwi. Macho yao yalikuwa mazima. Kilichoharibika kilikuwa ndani.

Tuanze na Kitabu cha Mola wetu. Katika Sura ya Annahl, aya ya 78, Mwenyezi Mungu atukumbusha kuwa tulizaliwa hali hatujui lolote, kisha Akatupa masikio, na macho, na nyoyo, ili tupate kushukuru. Mambo mawili yataka kuzingatiwa hapa. La kwanza, ujinga wetu wa kuzaliwa umetajwa mbele, na vyombo vya kuuondoa vikafuatia. Basi milango hii ni neema, wala haifai kuidharau. La pili, masikio na macho hayakuachwa peke yao. Yamefuatanishwa na moyo katika aya moja. Tena katika Sura ya Al-Israa, aya ya 36, tumekatazwa kulifuata jambo tusilo na ujuzi nalo, na tukaonywa kuwa sikio, jicho na moyo, vyote vitatu vitaulizwa. Basi hapana udhuru wa kusema Siku ya Kiama, "Jicho langu liliniambia." Jicho litaulizwa lilileta nini, na moyo utaulizwa ulihukumu nini. Na katika Sura ya Al-Aaraf, aya ya 179, wamelaumiwa watu wenye macho wasioona kwayo na wenye masikio wasiosikia kwayo, wakafananishwa na wanyama. Ng'ombe naye ana macho, tena makubwa kuliko yetu. Kwa hivyo tofauti yetu naye haiko katika jicho.

Maulama wa Kiislamu waliichukua elimu hii wakaichimba mpaka chini. Wa kwanza tutakayemtaja ni Abu Ali al-Hasan Ibn al-Haitham, aliyezaliwa Basra karibu na mwaka 965 na kufariki Misri karibu na mwaka 1040. Mtu huyu alitunga kitabu kikubwa chenye sehemu saba, kiitwacho Kitab al-Manadhir, yaani kitabu cha mambo ya kuona. Kabla yake mabingwa wa Kiyunani kama Euclid na Ptolemy walishikilia kuwa jicho ndilo litoalo mionzi, ikaenda ikakigusa kitu. Ibn al-Haitham alilikataa neno hilo. Alisema kuwa mwangaza hutoka kwenye kitu ukaingia jichoni. Na katika dalili zake ni kuwa mtu akilikodolea macho jua, macho yake huumia. Kinachoumizwa ni chenye kupokea.

Lakini hakukoma hapo. Alieleza kuwa kile ambacho jicho lakipata kwa kuhisi tu ni mwangaza na rangi. Mambo mengine, kama umbali wa kitu, na ukubwa wake, na umbo lake, na kwenda kwake na kutulia kwake, na uzuri wake na ubaya wake, hayajulikani kwa kuhisi peke yake. Aliyahesabu mambo yaonekanayo akayafikisha 22, na mengi katika hayo akasema kuwa hupatikana kwa kupambanua, na kulinganisha, na kukumbuka yaliyoonwa zamani. Na kazi hiyo ya ndani hupita kwa haraka mno, hata mtu mwenyewe hajui kuwa imepita. Hudhani kuwa ameona tu, kumbe amekwisha hukumu. Akatoa mfano wa mtoto mdogo: mwonyeshe matufaha mawili, moja zuri kuliko la pili, atachukua lile zuri. Mtoto huyo amelinganisha, na amepima, na amekata hukumu, naye wala hajui kuwa kuna kitu kiitwacho hukumu. Na sisi watu wazima, mara nyingi hatumpiti mtoto huyo.

Ndipo akafuatisha kueleza makosa ya macho. Sote twajua kuwa mwezi mpevu uchomozapo baharini huonekana mkubwa kama sinia, na ukifika utosini huwa mdogo. Je, mwezi umepungua njiani? Haukupungua. Ibn al-Haitham alieleza kuwa kosa hili latokana na hukumu ya ndani. Mwezi ukiwa chini, macho hupita juu ya ardhi na vitu vingi vilivyo baina yetu nao, moyo ukaukadiria kuwa uko mbali zaidi. Na kitu kikikadiriwa kuwa kiko mbali zaidi, na kipimo chake jichoni hakikupungua, moyo hukihukumu kuwa ni kikubwa. Mwenye kutaka kuhakikisha, na anyooshe mkono wake aufunike mwezi kwa ncha ya kidole chake cha mwisho wakati unapochomoza, kisha afanye vivyo hivyo ukiwa juu. Ataona kuwa ncha ile ile yautosha mara zote mbili. Jicho lilileta kipimo cha sawa. Ukubwa tuliuongeza sisi.

Kitabu hicho kilitiwa katika Kilatini, kikapigwa chapa katika mji wa Basel mwaka 1572, na Wazungu wakakitumia vizazi kwa vizazi. Leo vijana wetu husoma shuleni elimu ya mwangaza, na wengi wao hawaambiwi kuwa katika walioijenga yumo mtu aliyekuwa akielekea kibla kama wao.

Wa pili ni Abu Ali Ibn Sina, tabibu mashuhuri, aliyezaliwa karibu na Bukhara mwaka 980 na kufariki Hamadan mwaka 1037. Yeye alisema kuwa kama vile nje kuna milango mitano, na ndani kuna nguvu tano. Ya kwanza hukusanya yale yaliyoletwa na milango yote mahali pamoja. Kwa nguvu hiyo tukiiona asali twajua papo hapo kuwa hicho cha rangi ya manjano ndicho kile kile kitamu. Ya pili ni ghala ya kuzihifadhi sura baada ya vitu vyenyewe kuondoka. Ya tatu huzichanganya sura hizo na kuzitenganisha, hata mtu akaweza kuwaza binadamu mwenye mbawa. Ya nne ni ile ambayo Waarabu waiita wahm, nayo ni kudhania maana ambayo haionekani kwa jicho. Kondoo amwonapo mbwa mwitu, jicho lake laona rangi na umbo tu. Uadui hauna rangi wala umbo, lakini kondoo huujua akakimbia. Ya tano ni ghala ya kuzihifadhi maana hizo.

Sasa zingatieni aliyoyasema juu ya nguvu hii ya nne. Ina faida, kwani ndiyo iliyomwokoa kondoo. Lakini ina hatari kubwa kwa binadamu aliyeiacha itawale bila ya akili. Mtu huweza kuichukia asali kwa kuwa rangi yake imemkumbusha nyongo. Asali haikubadilika, na ulimi haujaionja, lakini moyo umekwisha iita chungu. Vile vile mtu huweza kupita juu ya gogo lililolazwa chini pasi na wasiwasi. Gogo hilo hilo likiwekwa daraja juu ya shimo refu, miguu hutetemeka, na huenda akaanguka. Upana wa gogo ni ule ule, na miguu ni ile ile. Kilichomwangusha ni sura ya kuanguka iliyomkaa moyoni. Aliyepata kupanda chomboni kwa ubao mmoja ajua neno hili bila ya kulisoma kitabuni.

Huenda msomaji akasema: Hawa wanafalsafa wana nini nasi, na Imamu Ghazali amekwisha warudi? Ni kweli kuwa Hujjatul Islam, Imamu Abu Hamid al-Ghazali wa Tus, aliyefariki mwaka 505 wa Hijria (1111), aliwarudi wanafalsafa katika kitabu chake Tahafut al-Falasifa kwa masuala 20, na katika matatu akawahukumu ukafiri. Lakini alipofika kwenye habari ya nguvu hizi za ndani, alieleza kuwa hapana ndani yake jambo ambalo dini yataka likanushwe. Huu ndio uadilifu wa mwanachuoni: akikataa hukataa kwa hoja, na akikubali hukubali kwa hoja, wala hamtupi mtu na haki yake pamoja.

Imamu Ghazali mwenyewe alilipitia jambo hili kwa uchungu. Katika kitabu chake Al-Munqidh min ad-Dhalal aeleza kuwa alijiuliza kama macho yafaa kutegemewa. Alikitazama kivuli akakiona kimesimama. Baada ya saa akajua kuwa kilikuwa kikienda, ila kidogo kidogo. Aliitazama nyota akaiona kadiri ya dinari, na hoja za hesabu zikamwonyesha kuwa ni kubwa kuliko ardhi. Basi akili ikalikadhibisha jicho. Kisha akaingiwa na hofu: Na akili nayo, je, hakuna hakimu mwingine juu yake atakayeikadhibisha? Shaka hiyo ilimshika karibu ya miezi miwili, naye mwenyewe aihesabu kuwa ni maradhi, mpaka Mwenyezi Mungu alipomponya kwa nuru Aliyoitia kifuani mwake. Twalitaja hili kwa makusudi, ili asije mtu akadai kuwa twawafundisha watu kutilia shaka kila kitu. Shaka isiyo na mwisho ni ugonjwa, haikuwa madhehebu ya yeyote katika wema waliotangulia.

Na katika Ihya, mahali alipoeleza maajabu ya moyo, Imamu aufananisha mwili na mji: moyo ndio mfalme, akili ndiyo waziri, na milango ya fahamu ni wapelelezi waliotumwa kila upande kuleta habari. Mpelelezi kazi yake ni kuleta habari. Hakupewa ruhusa ya kutangaza vita. Mfalme atakayetoa jeshi kwa neno la mpelelezi mmoja pasi na kumwuliza waziri wake, mji wake hautakaa. Tena aufananisha moyo na hodhi iliyochimbwa ardhini, maji yakaingia ndani yake kwa mifereji, na mifereji hiyo ndiyo milango ya fahamu. Sisi watu wa visima na mabirika hatuhitaji kufasiriwa. Asiyeangalia mfereji wake unaleta nini, asishangae na ladha ya maji yake.

Hawa watatu hawakuwa watu wa njia moja. Mmoja alikuwa mtu wa vipimo, mmoja tabibu, mmoja fakihi na sufi. Lakini katika jambo hili wamekutana: jicho huleta, na moyo huhukumu. Jicho halina desturi ya kusema uwongo. Husema machache kuliko tunavyodhani, na yaliyobaki twayajaza sisi.

Na mfano ulio mkubwa kuliko yote watoka kwa Mtume wetu (s.a.w.). Katika mwaka wa 10 wa Hijria alifariki mwanawe mdogo, Ibrahim, na siku hiyo jua likapatwa. Watu wa Madina wakasema kuwa jua limepatwa kwa kufa kwa Ibrahim. Zingatieni, ndugu zetu, kuwa walichokiona chote kilikuwa kweli. Mtoto alikuwa amekufa, ni kweli. Jua lilikuwa limefunikwa, ni kweli. Kosa lilikuwa katika neno moja dogo, nalo ni lile neno "kwa". Hakuna jicho lililoliona neno hilo. Na lau Mtume wetu angalikuwa mwenye kutafuta utukufu wa uwongo, hiyo ndiyo iliyokuwa saa yake. Kunyamaza tu kungalimtosha. Lakini yeye, naye ni baba aliyefiwa na mwanawe, aliwasalisha watu, kisha akawafahamisha kuwa jua na mwezi ni alama mbili katika alama za Mwenyezi Mungu, na kuwa hazipatwi kwa kufa kwa mtu wala kwa kuishi kwake. Hadithi hii imo katika Bukhari na Muslim. Basi ikiwa neno hilo "kwa" halikuruhusiwa hata kwa mwana wa Mtume, nani atakayeliruhusu kwa wengine?

Sasa na tuingie mitaani mwetu. Mtoto ameshikwa na homa jioni, usiku akapata degedege, na alfajiri amefariki. Jana yake, bibi mmoja mkongwe, mwenye macho mekundu kwa moshi wa kuni wa miaka mingi, alipita njiani akampapasa mtoto huyo kichwani. Jirani ameona mambo mawili: mkono wa bibi na maiti ya mtoto. Yote mawili ni kweli. Neno la tatu, kwamba mkono huo ndio ulioleta mauti, ni lile lile "kwa" la watu wa Madina. Nani aliliona? Limetoka katika ile nguvu ya nne, iliyoiona asali ikaiita nyongo. Jioni limefika barazani. Baada ya siku tatu limekuwa yakini. Baada ya mwezi watoto wa mtaa humrushia mawe bibi huyo. Na ikiwa ana kipande cha shamba na warithi wenye haraka, mwisho wake twaujua.

Mtu atatuambia: Je, sihri haikutajwa katika Kurani? Imetajwa, katika Sura ya Albakara, aya ya 102, nasi hatukanushi kilichotajwa na Mola wetu. Lakini kuwako kwa wizi ulimwenguni si dalili kuwa jirani yako ni mwizi. Nani aliyemwona? Alitenda nini? Ushahidi uko wapi? Na huyo mpiga ramli anayeitwa ili amtaje mchawi, ameona kwa mlango upi katika milango mitano? Hakuona lolote. Huyasoma macho ya anayemwuliza, akamrudishia tuhuma yake mwenyewe, akapokea fedha. Naye Mtume wetu, kama ilivyo katika Muslim, ametuonya kuwa mwenye kumwendea mtabiri akamwuliza jambo, sala zake za siku 40 hazikubaliwi. Sala za siku 40 na damu ya mkongwe: hiyo ndiyo bei ya ramli moja.

Na hebu twangalie tofauti ya moyo wenye haraka na moyo wenye subira katika ugonjwa huu huu wa homa. Kwa karne nyingi watu waliona kuwa homa ya malaria huwashika wakaao karibu na vinamasi, na pua zao zikanusa uvundo wa maji hayo. Kuona kwao kulikuwa sawa, na kunusa kwao kulikuwa sawa. Wakahukumu kuwa maradhi yatoka katika uvundo, na jina lenyewe la malaria katika lugha ya Wataliani maana yake ni hewa mbaya. Mwaka 1880 tabibu Mfaransa Alphonse Laveran, alipokuwa Algeria, alikiona kijidudu cha maradhi haya katika damu ya mgonjwa. Mwaka 1897 tabibu Mwingereza Ronald Ross, alipokuwa India, alikiona katika tumbo la mbu. Kumbe vinamasi vilikuwa vikilea mbu, na mbu ndiye mchukuzi. Jicho lilikuwa lile lile la binadamu, lakini nyuma yake palikuwa na moyo uliokataa kusema "kwa" mpaka upate dalili. Katika mji huo huo wa Kilifi, tangu mwaka 1989, kuna kituo cha utafiti ambacho wataalamu wake wameichunguza malaria ya watoto, jinsi inavyoshika ubongo, ikaleta degedege na kuzimia, na kuua kwa muda mfupi. Basi katika kaunti moja moyo wa subira waokoa watoto, na moyo wa haraka waua wakongwe.

Wala asidhani mkaaji wa mji kuwa haya ni ya mashamba tu. Someni habari ya msiba uliompata Bibi Aisha, mama wa Waumini. Aliachwa nyuma na msafara, na sahaba Safwan akamkuta akamrudisha juu ya ngamia wake, yeye mwenyewe akiongoza kwa miguu. Macho ya watu yaliona mwanamke juu ya ngamia na mwanamume mbele yake. Hayo tu. Yaliyobaki yalitengenezwa na nyoyo na kubebwa na ndimi, mpaka zikashuka aya za Sura ya Annur, kuanzia aya ya 11, kumtakasa yeye na kuwalaumu Waumini kwa kutodhania wema waliposikia. Ikiwa nyumba ya Mtume haikusalimika na ndimi, itasalimika nyumba ya nani?

Na zamani uvumi ulikwenda kwa miguu. Ulipofika mtaa wa pili ulikuwa umekwisha choka. Leo una mbawa, nao hulala katika mifuko yetu. Picha iliyopigwa nchi nyingine, mwaka mwingine, huletwa katika simu ikaambiwa ni ya jana na ni ya hapa. Na mitambo ya siku hizi yaweza kutengeneza sura ya mtu na sauti yake, akaonekana akilisema neno ambalo hakulisema maisha yake. Basi mbele ya mlango amesimama mgeni aliyevaa nguo za jirani. Mlango haukuharibika, ila haja ya mwenye nyumba kukesha imezidi. Amri ya Sura ya Al-Hujurat, aya ya 6, ya kuhakikisha habari tusije tukawadhuru watu kwa ujinga kisha tukajuta, ni kama iliyoteremka leo asubuhi. Na Mtume wetu ametufundisha kuwa uwongo wamtosha mtu kwa kule kusimulia kila alichokisikia. Kubonyeza kidole ili kuwapelekea watu mia moja habari usiyoihakikisha ni kusimulia, wala kusema "nimeletewa tu" hakutamwondolea mtu dhima.

Basi tufanyeje? Twawanasihi ndugu zetu mambo matatu.

La kwanza, tuzoee kuyagawa maneno yetu: hili nimeliona, hili nimelisikia, na hili nalidhania. Tuwafundishe watoto wetu chuoni na nyumbani kusema hivyo. Mtoto akija mbio akasema fulani ameiba, aulizwe: Umeona nini? Atasema: Nimemwona akitoka mlangoni. Aambiwe: Basi hilo ndilo lako, na yaliyobaki si yako.

La pili, madhara ya kukosea yakizidi, na uchunguzi uzidi. Sharia yetu yenyewe imepangwa hivyo. Kwa kuingia mwezi wa Ramadhani, katika madhehebu yetu ya Imamu Shafi, yatosha shahidi mmoja mwadilifu. Katika mambo ya mali, wametakiwa wanaume wawili, au mwanamume mmoja na wanawake wawili. Katika zina, ambayo neno lake huvunja nyumba na kuharibu nasaba, wametakiwa mashahidi wanne. Na katika kumwita mtu mchawi, neno linaloweza kumtoa roho yake, sisi twatosheka na ndoto, na ramli, na macho mekundu?

La tatu ni la kutenda. Maimamu, walimu na wazee wa mitaa walizime neno hili usiku wake wa kwanza, lingali mdomoni mwa mtu mmoja, kwani likifika barazani halizimiki. Mtoto mwenye homa apelekwe hospitali siku hiyo hiyo, na alazwe ndani ya chandarua kabla hajaugua. Na yule bibi aliyeanza kukwepwa njiani, tumwendee mchana mbele ya watu wote, tumsalimie, tunywe maji yake, watoto wetu wambusu mkono. Mtaa mzima utaona. Na hilo ni jambo ambalo macho yatalileta, na nyoyo zitalihukumu kwa haki.

Ewe Mola wetu, Uliyetupa macho, usituache tukawa vipofu wa nyoyo. Tuonyeshe haki kuwa ni haki, na uturuzuku kuifuata. Na utuonyeshe batili kuwa ni batili, na uturuzuku kuiepuka. Walinde wazee wetu na ndimi zetu na mikono yetu, na Siku Utakapoviuliza sikio, jicho na moyo, tujaalie tuwe na la kujibu. Amin.

Wabillahi taufiki.